Kutoka Mkataba wa Mwaka hadi Ajira ya Kudumu: Mashauri ya Walimu wa Lugha za Kigeni katika Vyuo Vikuu vya Italia, 1980–2023

Agizo la Rais wa Jamhuri ya Italia Namba 382 la tarehe 11 Julai 1980 lilipanga upya ualimu wa vyuo vikuu na kuwafungulia njia ya ajira ya kudumu wanataaluma wengi waliokuwa wakifundisha kwa mikataba ya muda. Kundi moja liliachwa nje. Kifungu cha 28 kiliviruhusu vyuo kuwaajiri walimu waliofundisha lugha zao mama za kigeni, ambao kwa Kiitalia waliitwa lettori, kwa mkataba usiozidi mwaka mmoja wa masomo, unaoweza kuhuishwa kila mwaka kwa miaka isiyozidi mitano. Muda huo ulipokwisha mwalimu aliondoka, ingawa somo liliendelea na nafasi yake ilijazwa na mwingine.

Walimu wawili wa Chuo Kikuu cha Venezia ndio walioufikisha utaratibu huo mbele ya Mahakama ya Haki ya Jumuiya za Ulaya, katika shauri namba 33/88 linalojulikana kwa jina la Allué. Hoja yao ilijengwa juu ya Kifungu cha 48 cha Mkataba wa Roma, kinachokataza ubaguzi wa uraia miongoni mwa wafanyakazi wa nchi wanachama. Utetezi wa upande wa Italia ulikuwa kwamba sheria haikutaja uraia wa mtu yeyote. Mahakama, katika hukumu ya tarehe 30 Mei 1989, iliangalia athari badala ya maneno: kwa takwimu za serikali yenyewe, asilimia 25 tu ya walimu hao walikuwa Waitalia, hivyo ukomo huo uliwaangukia zaidi wageni.

Hoja ya pili ya utetezi inastahili kutazamwa kwa makini, kwa kuwa inahusu namna chuo kinavyomwona mzungumzaji wa lugha mama. Ilidaiwa kwamba mwalimu akikaa ughaibuni muda mrefu lugha yake huchakaa, na kwamba kuwabadilisha walimu ni kuilinda lugha hai. Mahakama iliona hatari hiyo kuwa ndogo kutokana na kukua kwa mawasiliano na maingiliano ya kitamaduni. Isitoshe, chuo kilikuwa na uwezo wa kupima umahiri wa mwalimu wakati wowote. Ni hoja ya ajabu kidogo, maana ilimgeuza mwalimu kuwa bidhaa yenye tarehe ya kuharibika.

Hukumu hiyo haikumaliza mgogoro. Ilidaiwa kwamba kilichokatazwa ni ukomo wa miaka tu, na kwamba mikataba ya mwaka mmoja mmoja ilibaki halali. Walimu walirudi mahakamani, na tarehe 2 Agosti 1993 Mahakama ikaeleza kwamba mkataba wa muda unakubalika pale hitaji lenyewe ni la muda. Mafunzo ya lugha yanayotolewa kila mwaka ni hitaji la kudumu, na kuyahudumia kwa mikataba ya mwaka katika hali zote, ilhali walimu wengine hawawekewi ukomo huo, ni ubaguzi.

Bunge la Italia lilijibu kwa Sheria Namba 236 ya tarehe 21 Juni 1995, na hapa ndipo kiini cha historia hii kilipo. Ajira isiyo na ukomo ilitolewa, lakini cheo cha lettore kilifutwa. Badala yake wakaajiriwa “washiriki na wataalamu wa lugha” chini ya sheria za kazi za sekta binafsi. Kazi ilikuwa ileile, darasa lilelile. Walichopata kwa upande wa udumu walikipoteza kwa upande wa hadhi ya ualimu, na mabishano yakahamia kwenye mishahara na miaka ya utumishi iliyotangulia.

Tarehe 26 Juni 2001, katika shauri C-212/99, Italia ilipatikana na hatia ya kutohakikisha kwamba vyuo sita vinatambua haki zilizokwisha kupatikana na walimu hao. Vyuo hivyo ni Basilicata, Milano, Palermo, Pisa, La Sapienza cha Roma na L'Orientale cha Napoli. Hiki cha mwisho hakiko mbali na msomaji wa Kiswahili, kwani lugha hiyo imefundishwa hapo kwa miongo mingi. Hata hivyo, ngao ya Kifungu cha 48 ilikuwa ya raia wa Jumuiya. Mwalimu aliyetoka Tanzania au Kenya hakuweza kuikinga kwayo ajira yake.

Mwaka 2004 sheria mpya ilioanisha mishahara ya walimu wa vyuo hivyo sita na ya watafiti waliothibitishwa wasiofanya kazi muda wote, kuanzia siku ya ajira ya kwanza. Mwaka 2006 Mahakama ilithibitisha kwamba Italia ilichelewa kutekeleza hukumu, ila haikutoza faini ya kila siku iliyoombwa na Tume ya Ulaya. Kisha Sheria Namba 240 ya mwaka 2010 ikaifasiri upya sheria ya 2004 na kuamuru mashauri yaliyokuwa yakiendelea mahakamani juu ya suala hilo yafutwe. Julai 2023, Tume ya Ulaya ilitangaza kuirudisha Italia mbele ya Mahakama ileile, wakati ambapo wengi wa walioajiriwa chini ya Agizo la 1980 walikuwa wamekwisha kustaafu.