Poda: Unga Uliochelewa Kuijua Ngozi Yetu

Katika albamu za harusi za zamani kidogo, zile za picha za karatasi, haikosi picha moja ambayo shangazi huipitisha harakaharaka. Bibi harusi ametulia, shela limekaa sawa, ila uso una rangi yake peke yake. Shingo ni maji ya kunde, mikono ni maji ya kunde, uso ni wa mtu aliyetoka mashineni kusaga mahindi. Flashi ilipopiga, unga ukaitika.

Lawama humwangukia mpambaji, na mara nyingine anastahili. Lakini kosa hilo lina umri mkubwa kuliko saluni zote za Kariakoo. Poda ya uso ilianza na kazi moja tu: kumfanya mtu mweupe aonekane mweupe zaidi. Hii kazi tunayoitaka leo, ya kukausha mafuta, kuishika faundesheni isihame na kuilainisha ngozi pasipo kuibadili rangi, ilikuja baadaye. Na kwa ngozi nyeusi ilikuja baadaye zaidi, tena kwa juhudi za watu weusi wenyewe.

Tuanze Ugiriki ya kale. Katika makaburi ya wanawake wa Athens na viunga vyake, wachimbaji wamekuta vikopo vya udongo vyenye vidonge vyeupe ndani yake. Ni risasi, siyo ya bunduki, bali madini yenyewe yaliyogeuzwa unga. Namna ya kuutengeneza haikuwa na siri kubwa. Vipande vya risasi viliwekwa juu ya siki ndani ya chungu, vikaachwa siku kadhaa mpaka viote ukungu mweupe, kisha ukungu ule ukakwanguliwa, ukasagwa na kuchujwa. Karne nyingi baadaye viwanda vya Ulaya vilikuwa vikifanya jambo lilelile, isipokuwa vyungu vilifukiwa kwenye samadi ya farasi ili vipate joto. Kwa hiyo ule weupe uliosifiwa kwenye majumba ya kifalme ulitoka kwenye lundo la mavi.

Waume walilalamika tangu hapo. Xenophon, mwandishi Mgiriki wa karne ya 4 kabla ya Kristo, ana kitabu kiitwacho Oeconomicus, na ndani yake yumo bwana mmoja anayemsema mkewe kwa kujipaka unga wa risasi. Hoja yake ni kwamba udanganyifu huo hauishi: jasho litaufichua, machozi yataufichua, na asubuhi mtu akiamka kabla hajajiweka sawa, kila kitu ki wazi. Mkewe akakoma, kwa mujibu wa mume. Upande wa mke hakuna aliyeuandika.

Sumu ya risasi haina haraka. Inaingia kidogokidogo, inaharibu ngozi, na ngozi ikiharibika mwenyewe anaongeza unga ili afiche. Huko Uingereza katikati ya karne ya 18 alikuwepo Maria Gunning, binti aliyelelewa Ireland katika familia isiyo na fedha, akaolewa na bwana mkubwa wa Coventry kwa sababu ya uzuri wake. London ilimfuata barabarani kumtazama. Alifariki mwaka 1760, hajafika miaka 30, na watu wa zama zake waliitupia lawama rangi nyeupe aliyojipaka. Kifo chake kiliwatisha wengi, lakini biashara haikusimama.

Wakati huo nywele nazo zilikuwa zikinyunyiziwa unga, na huo ulikuwa wa wanga, yaani chakula. Mwaka 1795, ngano ikiwa adimu na watu wakigombea mkate, serikali ya waziri mkuu William Pitt ilitoza kodi ya gini moja kwa mwaka, sawa na shilingi 21 za Kiingereza, kwa kila mwenye kutaka kuendelea kujinyunyizia. Mtindo ukafa taratibu. Kodi, kwa mara moja, ikaleta busara ambayo madaktari walishindwa kuileta.

Japani nako waliupaka unga wa risasi, hasa waigizaji wa kabuki, tamthilia yao ya jadi. Mwaka 1887, mwigizaji Nakamura Fukusuke alicheza mbele ya mfalme Meiji, na miguu yake ikaanza kutetemeka jukwaani bila yeye kuweza kuizuia. Ilikuwa risasi. Safari hii aliyeumia alionekana na mfalme, siyo mke wa mtu chumbani, na suala likawa la taifa. Poda isiyo na risasi ilifika sokoni huko mwaka 1904, ingawa ile yenye sumu haikutoweka mpaka miaka ya 1930.

Ulaya ilitafuta mbadala kwa kujaribu na kukosea. Palikuwa na unga wa bismathi, uliopendwa kwa mng'ao wake kama wa lulu, lakini ukikutana na moshi wenye salfa hugeuka mweusi. Hebu fikiria mtu ameketi sebuleni karibu na moto wa makaa, uso unaanza kufifia kama taa inayoishiwa mafuta. Ukaja unga wa mchele. Kampuni ya Bourjois ya Paris, iliyoanza mwaka 1863 kwa kuwatengenezea vipodozi waigizaji wa tamthilia, ilitoa mwaka 1879 poda ya mchele iliyoiita ya Java, ikapata umaarufu mkubwa. Mchele ni mpole kwa ngozi, ila una tabia ya wanga wowote: ukikutana na jasho huvimba. Paris unavumilika. Tanga mwezi wa Februari ungekuwa uji.

Aliyeshinda alikuwa jiwe. Talki ndiyo madini laini kuliko yote katika kipimo cha ugumu, kiasi cha kukwanguka kwa ukucha. Ikisagwa haitoi chembe za mviringo kama wanga. Inatoa vibamba vyembamba mno vinavyoteleza kimoja juu ya kingine, na ndiyo maana ukiipaka unahisi hariri kidoleni. Wakaichanganya na zinki ili ifunike, na unga mwingine wa kunata ili isidondoke. Kilichobaki kilikuwa kuisaga iwe laini zaidi. Katika miaka ya 1930 kampuni ya François Coty, Mkosika aliyepata utajiri kwa manukato, ilianza kuuza poda iliyosagwa kwa hewa: chembe zinarushwa kwa upepo mkali, zinagongana, zinavunjana zenyewe. Poda hiyo ipo madukani mpaka leo, katika boksi la mviringo lenye picha za visponji vya kupakia.

Tazama sasa rangi zake. Mwanzoni mwa karne ya 20 maboksi mengi yaliandikwa nyeupe, waridi, au Rachel, rangi ya krimu iliyopewa jina la mwigizaji mmoja Mfaransa. Na nyingine iliitwa rangi ya mwili. Mwili wa nani, hapakuwa na aliyeuliza, kwa sababu wauzaji walidhani jibu linajulikana.

Aliyeuliza aliitwa Anthony Overton. Alizaliwa Louisiana, kusini mwa Marekani, katika miaka ya 1860, na wazazi wake walikuwa watumwa. Alisoma sheria, akafanya biashara, na mwaka 1898 akaanzisha kampuni yake huko Kansas City. Bidhaa yake ya kwanza ilikuwa hamira ya unga. Ni jambo linalonifurahisha: mtu anayejua kusaga, kuchekecha na kufungasha unga mweupe wa jikoni hayuko mbali na unga wa uso. Akatoa poda aliyoiita High-Brown, iliyokusudiwa wanawake weusi, kwa rangi za kuifuata ngozi badala ya kuifunika. Mwaka 1911 akahamia Chicago, ambako Wamarekani weusi kutoka kusini walikuwa wakimiminika kutafuta kazi viwandani.

Overton hakuishia kwenye poda. Alianzisha jarida, Half-Century, mwaka 1916, na matangazo ya vipodozi vyake yakajaa humo. Akaanzisha benki. Kati ya 1922 na 1923 akajenga jengo la ghorofa kwenye mtaa wa State, na bado limesimama. Kwa hiyo sehemu ya benki ya watu weusi ya Chicago ilitoka katika vikopo vya poda vya kina mama waliokuwa wakifua na kupika kwa watu. Nisimpambe kupita kiasi, hata hivyo. Jina lenyewe, High-Brown, lilimaanisha weusi wa rangi ya maji ya kunde, ule uliohesabiwa kuwa wa juu. Alikuwa ameishusha ngazi ya rangi, hakuwa ameivunja.

Hapa kwetu pwani palikuwa na fikra nyingine kabisa kuhusu unga usoni, na ningependa tuikumbuke kabla hatujarudi Marekani. Mwanamke wa Kiswahili alisaga liwa juu ya jiwe la msio kwa maji au marashi, akajipaka, ikakauka. Visiwani Komoro upo msindanu, na kaskazini mwa Msumbiji wanawake wa Kimakua wana musiro, mweupe kabisa, unaofunika uso mzima. Haya yote hayadai kuwa ngozi. Mama wa Ngazija anakwenda sokoni na msindanu wake usoni na kila mtu anauona, kwa kuwa ni pambo na dawa ya ngozi, na hana analomficha mtu. Hata poda ya kopo ilipofika, mabibi zetu waliipokea kwa desturi ileile. Mtu ameoga jioni, amejifunga khanga, poda imetua shingoni na kifuani. Atakayepita ajue kwamba huyu ameshaoga. Poda ya kuonekana na poda ya kutoonekana ni vitu viwili, na vurugu ya ile picha ya harusi inaanzia pale moja inapofanya kazi ya nyingine.

Sinema ndiyo iliyodai poda isiyoonekana. Max Factor, fundi wa mawigi aliyehamia Marekani kutoka himaya ya Urusi mwaka 1904, alikuwa Los Angeles wakati Hollywood inachipua, akagundua kwamba kamera haisamehi kilichosamehewa na jukwaa. Filamu za rangi zilipokuja alitengeneza Pan-Cake, kipodozi cha kubanwa kilichopakwa kwa sponji lenye maji, na mwishoni mwa miaka ya 1930 kila mwanamke alikitaka. Poda ya unga ikasukumwa pembeni, ikawa kitu cha kumalizia. Cheo hicho ndicho kilichoiokoa.

Ila rangi zilibaki zilezile. Iman, Msomali aliyekuwa akisoma Chuo Kikuu cha Nairobi kabla ya kwenda New York katikati ya miaka ya 1970, amesimulia mara nyingi kisa cha kazi zake za mwanzo huko. Mpambaji alimuuliza kama amekuja na faundesheni yake mwenyewe. Mwanamitindo wa Kizungu aliyekuwa pembeni hakuulizwa. Alichopakwa kilimfanya atoke pichani na rangi ya majivu, na tangu siku hiyo akawa anajichanganyia mwenyewe. Mwaka 1994 akafungua kampuni yake ya vipodozi. Kabla yake, mwaka 1973, Eunice Johnson wa jarida la Ebony alikuwa ameanzisha Fashion Fair baada ya kuwaona wanamitindo wake weusi nyuma ya jukwaa wakichanganya rangi mbili tatu ili wapate moja. Rihanna alipotoa faundesheni ya rangi 40 mwaka 2017, dunia ilishangilia kana kwamba ni jambo jipya. Upya wake ulikuwa katika ukubwa wa duka.

Siku hizi poda ya unga imerudi kwa kishindo, na wapambaji wa mitandaoni wanairundika chini ya macho, wanaiacha dakika kadhaa ili joto la ngozi liivute, kisha wanaipangusa kwa brashi. Ni ufundi wa zamani wa wasanii wa jukwaani, hasa wanaume waliojipamba kike. Kwa mtu anayesimama chini ya taa kali unafaa. Kwa anayekwenda kazini na daladala, kidogo kinatosha: paji la uso, pua na kidevu, ukigandamiza kwa sponji badala ya kusugua, kwa sababu kusugua kunaivuruga faundesheni iliyo chini.

Na mtego wa flashi ungali upo. Poda nyingi zinazosifiwa kuwa hazina rangi zimejaa silika, ambayo kwenye kioo haionekani ila mwanga wa kamera ukiipiga inarudi nyeupe. Mwezi Mei 2014 mwigizaji Angelina Jolie alipigwa picha New York akiwa na mabaka meupe usoni, na yeye ana wapambaji wa kulipwa.

Hata talki haina tena utulivu wa zamani. Ardhini huwa jirani na asbesto, madini yanayosababisha saratani, na mwaka 2024 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani liliiweka talki yenyewe katika kundi la vitu ambavyo yaelekea vinaleta ugonjwa huo. Kampuni ya Johnson & Johnson, iliyouza poda ya watoto tangu miaka ya 1890, imesisitiza kwamba poda yake ilikuwa salama, lakini mwaka 2023 iliacha kuiuza ya talki duniani kote ikahamia wanga wa mahindi. Tumezunguka karne nzima tukarudi kwenye unga wa jikoni.

Kwa hiyo msomaji, kabla hujalipa, soma kilichoandikwa nyuma ya kopo, omba upakwe kidogo chini ya taya, kisha utoke nje ya duka ukajitazame juani. Na siku ya harusi, mpambaji akikuambia kwamba huo weupe utapotea wenyewe, mwombe akupige picha moja kwa flashi kabla hujaingia garini.