Waliohamishwa Walisemewa na Wengine

Waliokulia enzi za vibanda vya video wanamkumbuka Rambo. Katika filamu ya mwaka 1985 anarudi Vietnam kuwakomboa Wamarekani wenzake, na Wavietnam wanaanguka kama nyasi. Filamu hiyo ilipigwa Mexico. Nyingine mashuhuri ya vita hivyo, Apocalypse Now ya mwaka 1979, ilipigwa Ufilipino. Dunia ikadhani imewajua Wavietnam, ilhali wenyewe hawakuulizwa.

Je, tunajua kwamba jambo la namna hiyo lilitufika na sisi?

Mwaka 1946 ilitoka Uingereza filamu ya rangi iitwayo Men of Two Worlds, iliyoongozwa na Thorold Dickinson. Kisa chake ni cha Tanganyika. Mwanamuziki Mwafrika, Kisenga, anarudi kutoka London kumsaidia Mkuu wa Wilaya Mwingereza kuwahamisha wanakijiji wanaokabiliwa na malale. Anayepinga ni mganga, Magole. Mwishowe serikali inashinda.

Kisenga aliigizwa na Robert Adams, mzaliwa wa Guyana. Magole aliigizwa na Orlando Martins, mzaliwa wa Lagos. Walitu, kabila linalotajwa humo, ni la kubuni. Wapiga picha walifika Tanganyika, lakini sehemu kubwa ilikamilishwa studio za Denham, Uingereza. Wanafunzi wa Afrika Magharibi waliokuwa London waliupinga mswada wake mapema, wakisema unawashushia Waafrika heshima.

Sasa twende Ifakara. Mwanzoni mwa miaka ya 1940, wakati filamu hiyo ikiandaliwa, serikali ya kikoloni ilikuwa kweli inahamisha watu kwa ajili ya malale katika wilaya ya Ulanga, ambayo wakati ule ilijumuisha bonde la Kilombero. Aliyehusika sana na kazi hiyo ni ofisa A. T. Culwick. Watu waliokaa wametawanyika, wakifuata mashamba ya mpunga na mito yenye samaki, walikusanywa kwenye makazi ya pamoja.

Mkulima wa bondeni hakai kando ya shamba kwa ukaidi. Mpunga usipolindwa huliwa na ndege na nguruwe. Mafuriko ndiyo yanayoamua wapi palimwe na lini. Na kuhama ni kuyaacha makaburi ya wazee. Mtu mwenye hoja hizo hahitaji mganga wa kumfundisha kukataa. Malale yalikuwa yanaua, hilo hatubishi. Lakini filamu ilimpa Magole nafasi ya kusema, ikamnyima mkulima.

Iliacha pia swali kubwa: mbung'o walitoka wapi? Helge Kjekshus, katika kitabu chake cha mwaka 1977, alieleza jinsi sotoka ya miaka ya 1890 na vita kama vya Maji Maji, 1905 hadi 1907, vilivyopunguza mifugo na watu. Mashamba yakarudi kuwa pori, na pori likawa makao ya mbung'o. Kwa maneno mengine, ukoloni ulikuja kutibu donda ambalo wenyewe ulishiriki kulichimba.

Wala haikuwa kwamba wenyeji hawakuweza kujieleza. Culwick huyo huyo na mkewe walitoa mwaka 1935 kitabu kuhusu Wabena wa bonde hili, na ndani yake sura moja iliandikwa na Mtema Towegale Kiwanga mwenyewe. Hiyo, hata hivyo, ni sauti ya nyumba ya utawala. Mama Mndamba au Mpogoro aliyehama na chungu kichwani na mtoto mgongoni hakuandika sura yoyote.

Leo kamera zimo mifukoni mwa vijana wa Ifakara, Mlimba na Malinyi. Wazee waliokuwa watoto wakati wa kuhamishwa wamebaki wachache mno. Wasiporekodiwa sasa, wajukuu wao watabaki na Kisenga na Magole.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Basi tumuulize aliyekilalia.