Kuondoa na Kufuta Shauri: Funzo kutoka Mahakama ya Arusha

Katika lugha ya mahakama, neno moja laweza kumhifadhia mtu haki yake au kumnyima. Mdai anapoliondoa shauri lake, yatupasa kuuliza kama anayo haki ya kulifungua tena. Kiswahili cha kila siku husema tu kwamba "kesi imefutwa", na swali hilo hubaki bila jibu.

Historia ya mji wa Arusha yatupa mifano miwili, yote ya mwaka 1999. Mahakama ya Kimataifa ya Mauaji ya Kimbari ya Rwanda, iliyoundwa na Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa mwaka 1994, ilifanya kazi mjini humo hadi mwisho wa 2015. Tarehe 18 Machi 1999 ilimruhusu mwendesha mashtaka kuondoa hati ya mashtaka dhidi ya Bernard Ntuyahaga, aliyekuwa meja katika jeshi la Rwanda. Kuondolewa huko hakukuwa tamko kwamba hana hatia. Mwaka 2007 mahakama ya Ubelgiji ilimhukumu kifungo cha miaka 20 kwa mauaji, yakiwamo ya askari 10 wa Kibelgiji.

Tarehe 3 Novemba, Kitengo cha Rufani kilifuta hati dhidi ya Jean-Bosco Barayagwiza kwa kuwa haki zake zilivunjwa alipokuwa kizuizini, na kilikusudia mashtaka hayo yasirudishwe. Ulihitajika uamuzi wa marejeo, uliotolewa tarehe 31 Machi 2000, ndipo kesi ikaendelea.

Tofauti hiyo imo pia katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya 1966. Mdai aweza kuliondoa shauri lake wakati wowote; lakini akiliondoa bila ruhusa ya kufungua jingine, hana haki tena ya kudai jambo lilelile. Mahakama hutoa ruhusa hiyo ikiridhika kwamba shauri lingeanguka kwa kasoro ya utaratibu, au kwamba ipo sababu nyingine ya kutosha. Hata akiruhusiwa, muda wa ukomo huhesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikufunguliwa. Basi mkulima wa Meru anayedai shamba, akiambiwa tu kwamba kesi yake "imefutwa", aweza kukaa nyumbani akidhani yamekwisha, au akachelewa kurudi hadi muda ukampita.

Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama Tanzania. Kwa hiyo istilahi zake hazina budi kubeba uzito huo. Yafaa "kuondoa" litumike kwa tendo la mdai au mwendesha mashtaka, na "kufuta" kwa tendo la mahakama. Kisha kila amri ieleze waziwazi: "kwa haki ya kufungua upya" au "bila haki ya kufungua upya". Maneno hayo machache yatamwezesha mwananchi kujua, kabla hajatoka mahakamani, kama aweza kurudi.