Fungu Lisilojulikana

Msomaji, uambiwapo utafute idadi usiyoijua, usidhani kuwa taabu hiyo ilibuniwa kwa ajili ya wanafunzi wa leo. Yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo, karani mmoja wa Misri, jina lake Ahmes, alinakili katika mafunjo hesabu za watu waliomtangulia. Hati hiyo ilinunuliwa na Alexander Henry Rhind mjini Luxor mwaka 1858, na sehemu yake kubwa yahifadhiwa London. Ndani yake mna swali hili: fungu likijumlishwa na subui yake, yaani sehemu yake moja katika saba, hupatikana 19. Fungu hilo ni kiasi gani?

Karani yule alikisia, hali akijua kwamba anakosea. Na tuseme fungu ni 7. Subui yake ni 1, na jumla ni 8. Lakini 8 si 19. Basi 8 izidishwe mara ngapi hata ifike 19? Mara mbili, na robo, na thumuni. Izidishe 7 vivyo hivyo, nawe utapata 16 na nusu na thumuni. Ndilo jawabu, lijaribu mwenyewe.

Yapata mwaka 820 baada ya Kristo, al-Khwarizmi wa Baghdad aliandika kitabu cha njia isiyohitaji kukisia. Kisichojulikana alikiita “kitu”. Kilichopunguzwa upande mmoja hurudishwa, na upande wa pili huongezwa kadiri ile ile: hiyo ndiyo al-jabr. Vilivyo vya namna moja pande zote mbili hupunguzwa sawasawa: hiyo ndiyo al-muqabala. Neno la kwanza limezaa aljebra; la pili ni ndugu wa neno letu mkabala.

Wala elimu hii haikuwa mchezo. Hati ya Ahmes yafundisha kuwagawia watu 10 mikate, na sehemu kubwa ya kitabu cha al-Khwarizmi yahusu mirathi. Karani akikosea, mfanyakazi alilala njaa, au yatima alipunjwa haki yake.

Basi, msomaji, jawabu lako la kwanza likiwa si sahihi, usitupe kalamu. Pima umekosea kwa kadiri gani, kisha urekebishe. Ahmes naye alianza na 7.