Somo la Historia: Binka Zhelyazkova, Mwongozaji wa Sinema wa Bulgaria

Leo tutajifunza habari za mwanamke wa Bulgaria, nchi iliyoko kusini-mashariki ya Ulaya. Jina lake ni Binka Zhelyazkova, na kazi yake ilikuwa kuongoza sinema. Mwongozaji ndiye anayewaonyesha wachezaji la kufanya, na kumwambia mpiga picha asimame wapi.

Bibi huyu alizaliwa mwaka 1923 katika mji wa Svilengrad. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, serikali ya Bulgaria ilikuwa upande wa Ujerumani. Vijana wengi waliipinga kwa siri, naye alikuwa mmoja wao. Mwezi wa Septemba 1944 serikali ile ilipinduliwa, na baadaye Chama cha Kikomunisti kikashika nchi yote. Mwaka 1948 kazi ya sinema ikawa mali ya serikali. Liangalieni sana jambo hili: tangu hapo, aliyetoa fedha za kutengenezea sinema ndiye aliyekuwa na amri ya kuionyesha au kuificha.

Mwaka 1957 Bibi Binka na mumewe, Hristo Ganev, walitengeneza sinema yao ya kwanza. Jina lake, kwa Kiswahili, ni "Maisha Yapita Kimya Kimya". Ilieleza habari za watu waliopigana bega kwa bega wakati wa vita. Vita vikaisha, wengine wakapata vyeo, wakayasahau yale waliyoyapigania. Wakubwa wa chama hawakupendezwa. Sinema ikafungiwa, watu wasiione mpaka mwaka 1988. Hesabuni wenyewe: ni miaka 31.

Je, alikata tamaa? Hata kidogo. Mwaka 1961 alitoa "Tulikuwa Vijana", sinema ya vijana wa Sofia, mji mkuu, waliopinga serikali wakati wa vita. Hiyo ilipata tuzo ya dhahabu huko Moscow. Lakini mwaka 1967 alitoa "Puto Lililofungwa", kutokana na hadithi ya Yordan Radichkov. Wanakijiji waliona puto kubwa la vita likielea angani, wakalikimbilia. Sinema hiyo pia ilizuiwa.

Basi wanafunzi, tumeona nini? Alipowasifu mashujaa wa jana, alipewa tuzo. Alipouliza mashujaa wale wanafanya nini leo, alinyamazishwa. Lakini sinema iliyofungiwa haikufa. Utawala wa chama kile ulikoma mwaka 1989. Bibi Binka alifariki mwaka 2011, watu wakiwa wamekwisha kuiona kazi yake.

Maswali. Andikeni majibu katika madaftari yenu:
1. Sinema ya kwanza ilifungiwa kwa sababu gani?
2. Nani alikuwa na amri juu ya sinema baada ya mwaka 1948?
3. Kwa nini sinema ya mwaka 1961 haikuwaudhi wakubwa?

Kwa herini, mpaka somo lijalo.