Bei ya Utiifu: Usaliti wa Makaisari wa Roma katika Historia na katika Hadithi

Wasomaji wengi wa Kiswahili walikutana na usaliti wa Roma kwa mara ya kwanza katika tamthilia ya Shakespeare juu ya Julius Caesar, ambayo Mwalimu Nyerere alichapisha tafsiri yake mwaka 1963. Humo msaliti ni rafiki, na uzito wote wa kisa umo moyoni mwa Brutus. Watunzi wa zama zetu wameishika njia hiyo hiyo. Katika riwaya ya Robert Graves, I, Claudius (1934), Livia anawamaliza jamaa zake kwa sumu. Katika filamu ya Ridley Scott, Gladiator (2000), Commodus anamziba pumzi baba yake, Marcus Aurelius, kwa uchungu wa mtoto asiyependwa. Kote huko sababu ya usaliti ni roho mbaya ya mtu fulani, na akishaondolewa, mambo yatatengemaa. Hoja yangu ni kwamba fikra hiyo inaficha chanzo chenyewe: utaratibu wa utawala uliofanya utiifu kuwa bidhaa yenye bei.

Marcus Aurelius alikufa kwa maradhi mwaka 180, na Commodus alikuwa tayari kaisari mwenza tangu mwaka 177. Hilo silihesabu kuwa kosa la filamu, kwa kuwa mtunzi ana ruhusa ya kubuni. Ninachokipinga ni hitimisho lake. Commodus anauawa uwanjani mbele ya umati, mamlaka yanaonekana kurudi mikononi mwa Seneti, na mtazamaji anaondoka akiamini kwamba mtu mmoja mwema angetosha kuiokoa Roma. Historia ililijaribu wazo hilo mwaka 193, na matokeo yake tunayajua.

Usiku wa tarehe 31 Desemba 192, Commodus aliuawa na watu wa nyumbani mwake: suria wake Marcia, msimamizi wa makazi yake Eclectus, na Laetus, mkuu wa walinzi wa kaisari. Walimpa sumu, akaitapika, ndipo wakamtuma mwanamieleka Narcissus amnyonge. Usiku huo huo walimpelekea ukaisari Pertinax, mzee wa miaka 66, mwana wa mtumwa aliyeachwa huru, ambaye aliwahi kufundisha sarufi kabla ya kuingia jeshini. Kama Roma ilihitaji mtu mwema, huyu hapa alikuwa amepatikana.

Pertinax alikuta hazina ina sestersi milioni 1 tu. Hata hivyo alikuwa amewaahidi walinzi sestersi 12,000 kila mmoja, na ili azipate ilimbidi auze mali ya anasa aliyoiacha Commodus. Alilipa, lakini akataka pia nidhamu irudi kambini, na walinzi waliozoea kuachiwa wafanye watakalo hawakumsamehe. Tarehe 28 Machi askari wapatao 200 waliingia ikulu na panga mikononi. Mwanahistoria Cassius Dio, aliyekuwa seneta wakati huo, anasema kaisari angeweza kufunga milango au kuwaita walinzi wa zamu wawakabili. Badala yake aliwatokea mwenyewe azungumze nao. Wengi waliona haya, wakainamisha macho na kurudisha panga alani, mpaka mmoja wao alipoivunja haya hiyo kwa kumrukia na kumchoma. Alikuwa ametawala siku 87. Mtu mmoja tu alisimama upande wake, akawajeruhi baadhi ya wale askari, kisha akauawa pamoja naye. Mtu huyo ni Eclectus.

Eclectus huyu ni yule yule aliyeshiriki kumuua Commodus. Ndani ya miezi 3 mtu huyo mmoja alimuua bwana wake kwa njama, na akafa akimtetea bwana mwingine. Ukitafuta maelezo katika tabia yake pekee, utakwama. Je, alikuwa mwaminifu au msaliti? Swali hilo, ambalo ndilo riziki ya filamu zetu, halina jibu kwa sababu limeulizwa vibaya. Inatupasa kuuliza ni utawala wa namna gani ulimfanya mtumishi wa ikulu awe mwamuzi wa nani aishi na nani afe.

Jibu linaanzia mbali. Roma haikuwa na sheria ya kurithi ukaisari. Augustus aliunda kikosi cha walinzi, na mwaka 23 Sejanus, mkuu wa kikosi hicho, akakikusanya katika kambi moja pembeni mwa jiji. Caligula alipouawa mwaka 41, walinzi hao walimtangaza Claudius kuwa kaisari, naye akawaahidi sestersi 15,000 kila mmoja. Tangu hapo kila kaisari mpya alijua kwamba mkono mtupu haulambwi.

Baada ya kumuua Pertinax walinzi walikwenda hatua moja mbele, wakakinadi kiti. Sulpicianus, mkwewe Pertinax, alikuwa ndani ya kambi; Didius Julianus alikuwa nje langoni, na wapambe wakawa wanapeleka bei huku na huku. Sulpicianus alipofika sestersi 20,000 kwa kila askari, Julianus aliongeza 5,000 kwa mkupuo, akipaza sauti na kuonyesha kwa vidole. Askari wa kawaida wa mipakani siku hizo alilipwa sestersi 1,200 kwa mwaka. Julianus alinunua siku 66, kisha naye akauawa.

Ni kweli Dio aliwadharau askari, na masimulizi yake yanabeba chuki ya tabaka la maseneta. Lakini hakujificha. Anaeleza kwamba jioni ile yeye na wenzake walioga, wakala chakula cha usiku, wakaenda Senetini kumthibitisha mnunuzi wakiwa wamezungukwa na silaha, kwa hofu ya kushukiwa wakibaki majumbani. Seneti hii ndiyo filamu inayotaka tuiamini kuwa wokovu.

Septimius Severus, mzaliwa wa Leptis Magna katika Libya ya leo, aliingia Roma mwaka huo huo, akakivunja kikosi cha walinzi na kukiunda upya kwa askari wake wa Danube. Akapandisha mishahara ya jeshi. Dalali alibadilishwa, mnada ukabaki. Mwanawe Caracalla alimuua mdogo wake Geta mwaka 211 mikononi mwa mama yao, akakimbilia kambini na kuwamwagia askari fedha.

Gladiator II (2024) inamleta Macrinus kama mtumwa wa zamani mwenye kiu ya kisasi. Macrinus wa historia alikuwa mwanasheria kutoka Mauretania, katika Algeria ya leo, aliyepanda hadi kuwa mkuu wa walinzi, akawa kaisari mwaka 217 baada ya Caracalla kuuawa. Alijaribu kupunguza malipo ya askari wapya tu, bila kugusa ya wale wa zamani. Majeshi yalimgeuka, na mwaka 218 akauawa. Mtunzi wa Kiswahili anayetaka kuandika juu ya Roma na aanzie hapo, kwenye orodha ya mishahara.