Mkono wa Týr

Katika hadithi za kale za Skandinavia, mungu Týr ana mkono mmoja tu. Ule mwingine ulibaki kinywani mwa mbwa mwitu aliyekuwa akimlisha yeye mwenyewe.

Mbwa mwitu huyo ni Fenrir, mwana wa Loki. Snorri Sturluson, Mkristo wa Iceland, aliandika kisa chake katika karne ya 13, zaidi ya miaka 200 baada ya nchi yake kupokea Ukristo. Miungu walimlea Fenrir kwao, lakini utabiri ulisema atawaletea maangamizi. Wakamfunga minyororo miwili, akaikata yote. Wakaagiza utepe laini kama hariri, uliotengenezwa kwa vitu kama kishindo cha nyayo za paka na pumzi ya samaki. Ati wanampima nguvu tu. Fenrir akashuku, akadai mmoja wao aweke mkono kinywani mwake kama rehani. Ni Týr pekee aliyekubali. Utepe ukakaza, miungu wengine wakacheka.

Niliposoma kisa hiki, nilijipata upande wa mbwa mwitu. Kwani alikuwa amefanya nini? Alifungwa kwa kosa ambalo hajatenda. Na siko peke yangu. Leo wapo watu wanaofufua dini hizo za kale. Huko Iceland chama chao kiliundwa mwaka 1972. Baadhi ya wafuasi wa imani hizi, hapa na pale duniani, humheshimu Fenrir na hata kumtolea sadaka. Wenzao wengine hawataki kusikia: huyu ndiye atakayemmeza Odin siku ya Ragnarök!

Nilitamani sana kukuta kwamba mababu zao walimwabudu pia. Wapi! Hakuna ushahidi wa ibada hiyo zamani. Kuna jiwe la karne ya 10 katika Kisiwa cha Man, limechongwa Odin akiwa na mguu kinywani mwa mbwa mwitu. Hiyo ni hofu, si ibada.

Basi mapenzi haya ni ya juzi, ya watu wanaojua kuogopwa kabla ya kukosa. Sioni aibu kusema hivyo. Ila kila nikirudi kwenye kisa, macho yangu hutua kwa Týr. Alijua wanadanganya, akashiriki. Lakini kati ya wote, ni yeye tu aliyelipia uongo ule.